Mapipa Matupu ya Mzee Kunkel

Miaka yote aliyorusha mpira katika ligi kubwa ya besiboli, Alvah Grubb aliulizwa swali lile lile na kila mwandishi wa gazeti: ni mpigaji gani anakutia hofu kuliko wote? Warushaji wenzake walitaja majina makubwa, majina ya kuuzia magazeti. Alvah alijibu, "Dinny Kehoe." Waandishi walitazamana, wakaulizana huyo Kehoe ni nani, kisha wakaenda kuandika kwamba warushaji wa mkono wa kushoto wote wana kichaa kidogo, jambo ambalo Marekani nzima ililiamini siku hizo na kulifurahia mno. Hakuna aliyerudi kuuliza zaidi. Laiti angalau mmoja angerudi, huenda Alvah angemweleza, maana jambo lile lilimkaa kooni kama mwiba wa samaki, haliendi chini wala halirudi juu.

Dinny alikuwa shemeji yake. Alimwoa Nettie, dada pekee wa Alvah, na wote watatu walikuwa watu wa Kellersburg, mji wa makaa ya mawe kule Pennsylvania. Mwanamume wa Kellersburg alishuka mgodini, au alicheza besiboli vizuri kiasi cha kusamehewa mgodi. Alvah alisamehewa kwa sababu ya mkono wa kushoto, ule ule ambao mwalimu wake aliufunga kamba kwenye kiti ili mtoto ajifunze kuandika kwa wa kulia kama watoto wa watu. Dinny yeye alisamehewa kwa sababu ya macho. Alikuwa mwembamba, hana mabavu, lakini aliuona mpira mapema, na gongo lake liliufuata kana kwamba wamepangana. Akicheza ulinzi alisimama nyuma kabisa, katikati ya uwanja, akiimba nyimbo za Kiairishi zisizofaa mbele ya mapadri.

Wote wawili waliichezea timu ya mji, nao wakilipwa kuichezea. Nettie alikuwa na ombi moja tu, na alimwomba kaka yake siku moja ya Jumapili akiwa anamwekea viazi na kabichi sahanini.

"Kaka, Dinny asirudi kule chini."

"Nani kasema anarudi?"

"Nakwambia tu. Baba yake nilimwuguza mimi. Kile kikohozi nakijua kinavyoanza, na Dinny anacho tayari asubuhi, japo anajifanya ni tumbaku."

"Yuko na mimi," Alvah akamwambia huku anatafuna. "Madhali mimi nipo kwenye timu ile, haendi popote."

Aliahidi kirahisi hivyo, kama watu waahidivyo mdomo ukiwa umejaa chakula kizuri.

Kiangazi kile macho ya Dinny yakaenda likizo. Hakuna aliyejua kwa nini, na mwenyewe ndiye aliyejua kidogo kuliko wote. Mipira aliyokuwa akiipiga usingizini ikawa inampita kama abiria aliyechelewa. Alibadilisha gongo, akabadilisha soksi, akaacha kunyoa, akaanza tena kunyoa. Mwishowe meneja, Bwana Strunk, mtu mnene aliyevaa kofia nyeusi jua linawaka, alimvuta Alvah kando.

"Nakwambia wewe kwanza kwa sababu ni ndugu yako. Mpaka Jumamosi. Asipopiga, namwacha."

"Mpe wiki nyingine, bosi."

"Nimempa mwezi, Shoto. Mimi sina kanisa hapa, nina timu."

Shoto ndilo jina walilompa uwanjani. Alvah alirudi nyumbani kichwa kimemjaa, akamkuta Dinny ameketi kibarazani anauangalia ukuta.

"Unajua ninachohitaji, shemeji?" Dinny akasema. "Gari la mapipa. Mapipa matupu. Moja tu likinipita kabla ya mchezo, nitapiga mpaka waombe poo."

Msicheke. Wachezaji wa zama zile walikuwa na imani zao, na waliozishika sana walikuwa ndio hodari. Kumwona mwanamke mwenye makengeza kwenye viti ilikuwa nuksi. Kukutana na gari lililobeba mapipa matupu ilikuwa heri kubwa, na kila pipa lilihesabiwa kuwa pigo zuri. Kwa nini mapipa, na kwa nini matupu, hakuna aliyejua. Lakini Dinny aliamini kama alivyoamini ubatizo.

Basi Alvah akaenda kwenye kiwanda cha bia kumtafuta mzee Kunkel, Mjerumani aliyeendesha gari la farasi wawili, akipeleka bia kwenye mabaa na kurudi na mapipa yaliyokwisha.

"Mzee wangu, unarudi kwa barabara gani mchana?"

"Ya stesheni. Kwa nini?"

"Pita ya uwanjani. Polepole, wakati sisi tunaingia. Halafu funga farasi wako, upite mlango wa wachezaji, utazame mchezo bure."

Kunkel akakuna ndevu; imani ya wachezaji juu ya mapipa aliijua. "Na shemeji yako asijue."

"Asijue kabisa."

"Ah, nyie watu wa besiboli," Kunkel akasema, ila farasi aliwageuza.

Kesho yake wachezaji walikuwa wanaingia langoni waliposikia mlio wa magurudumu, na mapipa yanagongana kwa ile sauti yao tupu. Dinny alisimama. Akavua kofia. Uso wake ulichangamka, macho yakamng'aa kama mtoto aliyeletewa zawadi, na Alvah akafurahi kwelikweli, bila hila yoyote. Siku ile Dinny alipiga mara tatu, na pigo la mwisho lilikwenda mpaka kwenye uzio. Bwana Strunk alivua kofia yake nyeusi kwa mara ya kwanza tangu Pasaka.

Jumamosi ikapita, na Dinny akabaki. Kunkel akaendelea kupita, naye Dinny akaendelea kupiga. Mtu angekaa akafikiri kidogo angeona kwamba mapipa hayashiki gongo. Aliyekuwa anapiga ni Dinny, kwa macho yake mwenyewe yaliyorudi kazini. Alvah aliliona hilo. Alikusudia kumwambia Kunkel aache, polepole, Dinny asigutuke. Akawa anaahirisha, kwa sababu kuwa mfadhili wa siri kuna utamu wake, na Alvah alikuwa ameuonja.

Tatizo la Dinny lilikuwa ulimi. Alipokuwa mnyonge alikuwa mpole. Mipira ilipoanza kukubali, mdomo ukafunguka. Mwezi wa Agosti, Alvah alikuwa na siku mbaya. Aliirushia timu ya mji wa jirani na wakamchapa kama nguo chafu. Chumba cha kubadilishia nguo kilikuwa kinanuka jasho na dawa ya misuli, hapo Dinny akaanza.

"Shoto, mipira yako ya leo uliitoa wapi? Bibi yangu angeipiga, na amekufa."

Watu wakacheka. Alvah akafungua kamba za viatu.

"Hapana, nauliza kwa wema," Dinny akaendelea. "Mwalimu wako alikuwa sahihi. Angeufunga tu mkono huo, sote tungekuwa tumeshinda leo."

Wakacheka zaidi. Na Alvah, ambaye aliweza kuvumilia utani kuhusu lolote isipokuwa kamba ile, akainua kichwa.

"Na wewe unadhani mapipa yale yanapita yenyewe?"

"Mapipa gani?"

"Ya Kunkel. Unadhani Mungu ndiye anamleta? Nimemwomba mimi. Kila siku anapita kwa sababu yangu, utulie kidogo, upate moyo, usirudi mgodini. Ni mimi ninayekuvusha, Dinny. Cheka basi."

Hakuna aliyecheka. Dinny akavaa shati lake polepole, akakosea vifungo, akatoka nalo hivyo hivyo.

Alvah alijuta kabla mlango haujafungwa. Alimkimbilia, akamwambia alikuwa anatania, hasira tu, si kweli. Dinny hakubishana. Alikwenda kiwandani akamwuliza Kunkel mwenyewe, na Kunkel, mtu asiyejua kusema uongo hata kwa farasi, akamjibu kwa furaha, "Ndiyo, aliniomba. Una shemeji mzuri wewe!"

Tangu siku ile Dinny hakupiga tena. Gari likipita alitazama pembeni. Lisipopita alilisikiliza. Akishika gongo alikuwa kama mtu aliyeambiwa kwamba mke aliyempenda alilipiwa ampende. Alvah alijaribu kila njia: kumsifu, kumkasirisha, kumwombea kwa Strunk, hata kumnunulia gongo jipya ambalo Dinny alilishukuru na kuliacha ukutani. Mwezi wa Septemba haujaisha, Strunk akamwacha. Dinny akachukua taa na sepetu, akashuka chini ya ardhi pamoja na wanaume wengine wa Kellersburg. Nettie hakumlaumu kaka yake. Aliendelea kumwekea viazi, kimya, na kimya kile kilimwadhibu kuliko matusi.

Majira ya kuchipua yaliyofuata, Alvah akachukuliwa na timu ya ligi kubwa. Hapo ndipo jina lake lilipoanza. Alikuwa na mpira mmoja uliopinda ukimkimbia mpigaji wa kushoto, na wapigaji wa kushoto wa Marekani nzima waliulaani. Picha yake ilitoka kwenye paketi za sigara. Lakini kila alipowaona watu wanafurahi viwanjani alikumbuka mtu mmoja anayekohoa gizani, na furaha ikamwozea mkononi. Katika mji mmoja, alipoona gari la mapipa mbele ya hoteli, alirudi ndani akatokea mlango wa jikoni. Wenzake wakasema, ona mashoto na wazimu wao.

Oktoba, ligi ikiisha, wachezaji wakubwa walikuwa na desturi ya kuzunguka miji midogo kucheza na timu za wenyeji. Alvah ndiye aliyeomba waende Kellersburg. Wenyeji safari hii walikuwa timu ya mgodi, si ile ya Bwana Strunk, na timu ya mgodi ilikuwa na Dinny.

Bwana Strunk alimpokea langoni.

"Umenenepa, Shoto. Sikiliza, sikuja kukutazama wewe. Nahitaji mtu wa nyuma katikati mwakani, na nasikia shemeji yako huko mgodini anapiga tena."

"Anapiga?"

"Ndivyo wanavyosema. Lakini wanarushiwa na wachimba makaa. Nataka nimwone akirushiwa na mrushaji wa kweli. Akikupiga wewe, na yeye hupiga kwa kushoto, namchukua leo leo. Akishindwa, basi, ibaki hivyo."

Alvah akaingia uwanjani. Viti vilikuwa vimejaa. Nettie alikaa mbele na shali ya kijivu, mikono kifuani. Dinny alikuwa amekonda, na weusi wa makaa ulikuwa umemwingia kwenye mikunjo ya macho, mahali ambapo sabuni haifiki. Walipeana mikono.

"Shemeji."

"Shemeji. Hujambo huko kwenye sigara?"

"Sijambo. Kifua vipi?"

"Kipo," Dinny akasema, akaenda zake.

Mara ya kwanza walipokabiliana, Alvah alirusha kwa dhati. Hakupanga, mkono ulizoea tu. Alirusha ule wa kupinda, na Dinny akauona toka mbali, akauzungushia gongo. Mlio wake uliwasimamisha watu. Mpira ulipaa mpaka uzioni, na mlinzi wa huko nyuma aliudaka mgongo umegusa mbao. Kwa kudakwa hewani Dinny alihesabiwa ametoka, naam, lakini lilikuwa pigo la mwenye macho. Strunk alisogea mbele kwenye kiti chake. Dinny alirudi anakimbia taratibu, akainama kando ya benchi, akakohoa, akakohoa, mpaka mwenzake akamshika bega.

Kile kikohozi ndicho kilichomharibu Alvah. Kutoka hapo hakuona kitu kingine. Alipomaliza zamu yake akapita karibu na viti, akamsikia Strunk akisema, "Vizuri, vizuri. Lakini mara moja yaweza kuwa bahati. Nimwone tena."

Basi mara ya pili ndiyo ingeamua. Alvah alisugua mpira, mweusi kwa mate ya tumbaku na udongo, akafikiri: siwezi kuiachia bahati. Nilimwangusha kwa mdomo wangu, nitamwinua kwa mkono wangu. Mdakaji, aliyechuchumaa nyuma ya mpigaji, alimpa ishara ya mpira wa kupinda. Alvah akatikisa kichwa. Akapewa ishara ya mpira wa kasi. Akatikisa tena. Akarusha mpira laini, umenyooka, katikati kabisa, mpira ambao mama wa nyumbani angeupiga kwa ufagio.

Dinny hakutikisika. Mpira ukampita, mwamuzi akahesabu kosa la kwanza; yakifika matatu mpigaji hutoka. Dinny aliutazama mkononi mwa mdakaji, kisha akamtazama Alvah.

Alvah akadhani amemshtukiza tu. Akarusha wa pili, laini kuliko wa kwanza. Dinny akauacha. Kosa la pili. Viti vikaanza kuguna.

"Rusha," Dinny akasema. Hakupaza sauti, lakini alisikika.

"Narusha."

"Rusha, Shoto!"

Uwanjani hakuwahi kumwita Shoto tangu siku ile ya shati. Alvah alishika mpira nyuma ya mgongo wake, vidole vikatafuta vyenyewe mahali pa kuupindisha. Angeweza. Alijua kwa hakika kabisa kwamba Dinny angeweza kuupiga, alikuwa ameona dakika chache tu zilizopita. Lakini hofu ikamjia: je, nikirusha wa kweli akaukosa? Nitakuwa nimemrudisha mgodini mara mbili, mbele ya dada yangu. Alimwogopa Dinny kushindwa kuliko alivyomwamini kushinda. Akarusha wa tatu, laini.

Mpira ukiwa bado njiani, Dinny aliinama akalaza gongo chini, kwa adabu, kama mtu anayeweka kijiko baada ya kula. Mpira ukapita. Mwamuzi akamtoa. Watu wakazomea, maana hawakuelewa. Dinny akatembea mpaka pale Alvah aliposimama.

"Mapipa yamepita, shemeji," akasema.

"Dinny, ungeupiga tu! Strunk yuko pale, ungeupiga ukaondoka na kazi!"

"Ningeupiga, halafu mwakani nikasimama huko nikijiuliza ni nani aliyepiga. Nimekaa chini ya ardhi mwaka mzima nikiyarudisha macho yangu, Alvah. Peke yangu. Nilitaka unione."

Kwenye viti, Bwana Strunk alikuwa amevaa kofia yake na anashuka ngazi. Alvah akaacha mchezo, akaruka kizuizi, akamshika mkono.

"Bosi, nilimrushia laini. Makusudi. Kosa ni langu, si lake."

Strunk akamtazama kama watu wanavyowatazama mashoto. "Laini?"

"Laini kabisa. Nakuapia."

"Basi ndiyo mbaya zaidi, kijana. Laini, katikati, na ameshindwa hata kunyanyua gongo?" Akamgonga gonga begani, akaondoka.

Alvah akabaki pale ngazini. Hata ukweli, alipousema mwishowe, ulimwangukia Dinny kichwani.

Mchezo ulipoisha, mzee Kunkel alikuwa nje na gari lake, anarudi kiwandani na mzigo wake wa kawaida. Njia yake ilipita nyumba za wachimbaji, naye akawapa Dinny na Nettie nafasi. Dinny alipanda nyuma, akaketi katikati ya mapipa, mgongo umeegemea moja, na gongo mapajani. Nettie alitangulia kumwekea shali mabegani, ndipo akamgeukia kaka yake.

Alvah alikuwa na mengi ya kusema. Alikuwa ameyapanga tangu mwaka jana.

"Nettie, nilitaka kumsaidia."

"Najua."

"Nilikuahidi. Nilikwambia madhali mimi nipo..."

"Alikuwa anafanya mazoezi uani kila siku akitoka mgodini," Nettie akasema. "Mimi ndiye niliyekuwa namrushia, kwa mkono wa kushoto, ili azoee. Mkono wangu uliuma mpaka nikashindwa kusuka nywele. Na akikosa hakuniruhusu nimpunguzie hata kidogo." Macho yake yalijaa maji, lakini sauti haikukatika. "Ungemrushia tu mpira, kaka."

Akapanda. Kunkel akawaita farasi, na mapipa yakaanza kugongana, sauti yao ile ile tupu. Wachezaji wa ligi kubwa waliokuwa wakitoka langoni waliliona gari, wakashangilia, wakavua kofia zao na kuanza kuyahesabu mapipa kwa sauti. Alvah peke yake ndiye aliyebaki na kofia kichwani, mkono wake wa kushoto ukiwa mfukoni, mpaka gari likakata kona kuelekea mgodini.